Adesi Nyekundu: Chungu Kinachoiva Kabla Makala Hayajaisha



Kila mama wa Lubumbashi anajua kwamba bei ya mboga haiishii sokoni. Ukishalipa maharagi bado hujalipa makala, na ukishalipa makala bado hujalipa saa mbili za kusimama kando ya mbabula, ukipuliza moto na kuongeza maji, wakati watoto wanauliza mara ya tano kama chakula kimeiva. Juma hili tunazungumza juu ya mboga moja ambayo wengi wetu tumeiona dukani na kuipita: adesi nyekundu, iliyopikwa kwa viungo, ya kuliwa na bukari au wali. Hatusemi mwache maharagi. Tunasema tujifunze kuhesabu chungu mpaka kinapoteremka motoni, kisha kila mmoja aone mwenyewe adesi ina nafasi gani nyumbani kwake.

Ni kitu gani hasa?

Adesi ni ndugu wa maharagi na kunde. Punje yake ni ndogo na bapa, kama kifungo cha shati la mtoto. Hapa mjini wengi tunasema lantiye, kutoka Kifaransa. Nyekundu ndiyo ile wanayoandika kwenye mfuko «lentilles corail», na kwenye mifuko ya maduka ya Wahindi utasoma «masoor dal». Ukisikia mpishi wa Tanzania au Kenya akitaja dengu, usiende haraka: huko neno hilo mara nyingi ni nafaka nyingine za jamaa hii, ambazo hazipikwi kwa muda uleule.

Rangi yake nzuri ina sababu. Adesi ikiwa nzima ina ganda la kahawia au la kijani. Nyekundu imekwisha kuvuliwa ganda kiwandani, na mara nyingi imepasuliwa vipande viwili. Kwa hiyo haihitaji kulowekwa usiku kucha, na maji ya moto yanaingia ndani yake mara moja. Usishangae ikipoteza wekundu chunguni na kugeuka njano. Ndivyo ilivyo.

Wala si chakula kigeni kwa masikio yetu. Wanaosoma Biblia wanakumbuka kile chakula chekundu ambacho Esau alikubali kuuza kwa ajili yake haki ya mzaliwa wa kwanza. Kilikuwa adesi, ingawa Biblia ya Kiswahili inasema dengu. Watu wa Mashariki ya Kati wameilima kwa zaidi ya miaka 9,000. India inapikwa kila siku. Karibu zaidi nasi, Waethiopia wanailima na kuipika kwa vitunguu vingi na mchanganyiko wa pilipili wanaouita berbere. Mboga hiyo, misir wot, ni tegemeo la Wakristo wa Orthodoksi katika siku zao nyingi za kufunga, ambazo hawali nyama, maziwa wala mayai. Kwa hiyo wanaoidharau kwamba ni chakula cha kujaribu tu wajue kuna mataifa mazima yanayoitegemea.

Hesabu ya chungu

Tuanze na ukweli: kilo kwa kilo, adesi inayotoka ng'ambo mara nyingi ina bei kuliko maharagi ya sokoni. Mama akisimama mbele ya mifuko miwili, akalinganisha bei hizo mbili peke yake, atachukua maharagi na kwenda zake. Lakini hesabu hiyo ni nusu.

Maharagi makavu, hata yakilowekwa usiku, yanaweza kukaa motoni saa moja na nusu, mbili, au zaidi kama ni ya zamani. Mji wetu uko juu, karibu mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, na huku maji yanachemka kwenye digrii 96 hivi, si 100. Digrii nne si nyingi, lakini kwa chakula kigumu ni dakika nyingi za kuongeza. Adesi nyekundu, hata hapa, inaiva kwa dakika 20 au 25. Mbabula moja iliyojaa, ambayo maharagi yangeimaliza yote na kuomba nyingine, inatosha kuivisha adesi, kukaanga viungo, na kusonga bukari juu ya makala yaleyale.

Fanyeni jaribio hili katika kikundi chenu. Siku moja pikeni maharagi ya watu sita, siku nyingine adesi ya watu sita. Pimeni makala kwa ndoo ileile kabla ya kuwasha, na tena makala mapya kila mnapoongeza. Kisha andikeni: bei ya nafaka kavu, bei ya makala, bei ya mafuta na viungo. Jumlisheni, mgawe kwa idadi ya sahani. Chini yake andikeni saa: mama alisimama motoni muda gani? Hakuna anayelipa saa hizo, lakini ndizo angetumia kwenye meza yake ya biashara au kumsaidia mtoto kazi ya shule kabla umeme haujakatika.

Kwa nyumba nyingine maharagi yatashinda. Familia ya watu kumi na wawili inayopika chungu kikubwa mara moja na kula siku mbili, inatumia makala yake vizuri. Anayepikia kuni za bure za shambani naye ana hesabu yake. Lakini mama anayerudi kutoka soko la Kenya au la Mzee Kabila jua limezama, na makala ananunua kwa vifuko vidogo vya rejareja, huyo mara nyingi atakuta chungu cha adesi kimemgharimu kidogo kuliko alivyodhani.

Kuna hesabu nyingine ambayo haiandikwi kwenye karatasi. Makala yetu ni miti ya miombo. Kila mwenye umri anajua jinsi msitu ulivyokuwa karibu na mji, na jinsi wauza makala leo wanavyotoka mbali. Kila safari ikiongezeka, bei nayo inapanda, na mvua zikiharibu barabara inapanda tena. Chungu kinachoiva haraka ni akiba ya leo na ya mtoto wako.

Inajenga nini mwilini?

Wazee waliofanya kazi Union Minière, na baadaye Gécamines, wanakumbuka posho: unga pamoja na maharagi, mafuta, chumvi. Unga haukuja peke yake. Kampuni ilitaka wafanyakazi wenye nguvu, na ilijua kwamba unga peke yake hauwapi nguvu hiyo.

Sababu ni hii. Protini, ile inayojenga nyama ya mwili, imeundwa kwa vipande vingi. Mahindi yana upungufu wa kipande kimoja kinachoitwa lisini. Adesi, kama maharagi na kunde, ina lisini nyingi, lakini ina upungufu wa kipande kingine ambacho mahindi yanacho. Viwili hivi vikikutana kwenye sahani, kila kimoja kinaziba tundu la mwenzake. Kwa hiyo bukari na adesi ni chakula kamili zaidi kuliko bukari na mchuzi wa tomati tu, hata kama mchuzi huo una harufu ya kubu.

Gramu 100 za adesi kavu zina karibu gramu 24 za protini. Zina pia chuma, miligramu 6 hadi 7, na folati, vitu viwili ambavyo mwanamke anavihitaji zaidi akiwa na mimba. Lakini chuma cha mimea hakiingii mwilini kirahisi. Kinahitaji mlango, na mlango huo ni vitamini C: kamua ndimu juu ya sahani, au weka tomati na majani mabichi. Tena, usinywe chai palepale baada ya kula, kwa sababu chai inazuia chuma hicho. Ngoja saa moja. Na mama mjamzito asiache vidonge alivyopewa kituoni kwa kuwa anakula adesi. Chakula na vidonge vinafanya kazi pamoja.

Vitu vya kupika, kwa watu sita

- Adesi nyekundu, vikombe 2 (karibu gramu 400)
- Maji, vikombe 6, na mengine ya moto kando
- Vitunguu 2 vya kadiri
- Kitunguu saumu, punje 4
- Tangawizi mbichi, kipande kama kidole gumba
- Tomati 4 zilizoiva, au vijiko 2 vikubwa vya tomati ya kopo
- Manjano ya unga, kijiko kidogo 1
- Bizari nyembamba (kumini), kijiko kidogo 1
- Giligilani ya unga, kijiko kidogo 1
- Mafuta, vijiko 3 vikubwa
- Pilipili 1, chumvi, na ndimu 1
- Lengalenga, fungu 1, kama unapenda

Usipopata manjano, bizari na giligilani, weka vijiko 2 vidogo vya unga wa kari mahali pa vyote vitatu. Kari ni mchanganyiko wa viungo hivyo pamoja na vingine.

Namna ya kupika

1. Mwaga adesi kwenye sinia, uichague. Vijiwe vyake ni vidogo na vina rangi yake. Jino linaviona kabla ya macho. Osha mara tatu au nne mpaka maji yasiwe na ukungu.

2. Weka adesi na maji kwenye sufuria, juu ya makala yaliyoshika vizuri. Ikianza kuchemka itatoa povu. Liondoe kwa kijiko. Tia manjano. Usitie chumvi wala tomati bado, kwa sababu uchachu wa tomati unachelewesha nafaka kulainika.

3. Acha ichemke polepole, mfuniko ukiwa wazi kidogo, dakika 15 hadi 20. Koroga mara kwa mara, hasa mwishoni, maana inapenda kushika chini. Wakati huo kata vitunguu, ponda kitunguu saumu na tangawizi, menya tomati.

4. Punje zikianza kupasuka na kuyeyuka, teremsha sufuria. Ifunike, uizungushie kitambaa kizito au blanketi la zamani. Joto lake litaendelea kuipika bila makala.

5. Kwenye karai, tia mafuta na vitunguu. Usiharakishe hapa. Vitunguu viive mpaka viwe na rangi ya kahawia. Hapa ndipo ladha ya mboga yote inapozaliwa, na anayevitoa vikiwa vyeupe atasema adesi haina utamu. Ongeza kitunguu saumu na tangawizi, koroga nusu dakika.

6. Tia bizari na giligilani moja kwa moja ndani ya mafuta, ukoroge dakika moja tu. Harufu itajaza uwanja. Viungo vikitiwa ndani ya maji vinabaki na ladha ya vumbi. Ndani ya mafuta ya moto vinafunguka. Lakini viungo vya unga vinaungua upesi, kwa hiyo tomati ziwe tayari mkononi, uzitie mara moja.

7. Tomati zikilainika na mafuta yakianza kuonekana pembeni, mimina vyote ndani ya sufuria ya adesi. Tia chumvi na pilipili nzima bila kuipasua: itatoa harufu bila kuwachoma watoto. Rudisha motoni dakika 5. Kama unatia lengalenga, zikatwe na ziingie sasa.

8. Teremsha, kamua ndimu, onja chumvi. Makala yaliyobaki ni ya bukari.

Iwe nzito au nyepesi?

Kwa bukari, adesi iwe nzito, ili tonge likichovya litoke na kitu. Kwa wali, iache iwe mchuzi. Kumbuka kwamba ikipoa inakaza sana. Ile uliyoona nyepesi motoni itakuwa nzito mezani. Ukihitaji kuilegeza, tumia maji ya moto, kamwe si ya baridi.

Anayependa ladha ya nyumbani zaidi aweke mawese mahali pa mafuta meupe. Mawese mekundu yana asili ya vitamini A, inayosaidia macho ya watoto, mradi usiyachome mpaka yapoteze rangi. Ukiwa na kapenta kidogo, zikaange kando uzitie juu dakika ya mwisho. Siku kapenta hazipo, mboga inasimama yenyewe.

Na baba akiuliza nyama iko wapi? Usibishane naye kwa maneno ya vitamini. Mwekee vitunguu vya kahawia vingi, na pilipili pembeni. Mara ya kwanza usipike adesi peke yake: ipike Jumamosi, pamoja na mboga nyingine ambayo nyumba inaijua. Watu wanakubali kwa ulimi kabla ya kukubali kwa kichwa.

Kwa watoto wadogo

Tangu mtoto akiwa na miezi sita, pamoja na kuendelea kunyonya, anaweza kuanza kula adesi. Baada ya hatua ya 4, kabla ya chumvi, pilipili na viungo, toa vijiko kadhaa, uviponde mpaka viwe laini kabisa, utie tone la mafuta. Vichanganye na uji mzito wa mahindi. Anza na kijiko kimoja au viwili, uone tumbo lake linavyopokea, kisha uongeze siku hadi siku. Kwa mtoto aliyeachishwa ziwa kwa sababu mdogo wake amezaliwa, kijiko hicho ni cha maana sana: huyu ndiye mara nyingi anayeshibishwa uji mtupu.

Kununua na kutunza

Chagua punje kavu, zenye rangi moja, zisizo na unga mwingi chini ya mfuko. Unga huo ni dalili ya wadudu au ya kukaa muda mrefu. Nyumbani zihamishie kwenye kopo lenye mfuniko, mbali na mvuke wa jikoni.

Iliyopikwa isilale nje ya frigo usiku wa joto. Kama umeme unakatika na huna hakika, pika kiasi cha kuisha. Iliyobaki ichemshwe upya mpaka itoe mapovu, si kupashwa vuguvugu tu. Na mvua ikinyesha ukalazimika kuingiza mbabula ndani, fungua mlango na dirisha: moshi wa makala usioonekana umeua watu usingizini.

Pale adesi inapokosekana, au bei yake ikipanda kwa sababu ya dola au malori yaliyokwama Kasumbalesa, chukua kunde za wakulima wetu. Ziloweke, uzisugue kwa mikono mpaka maganda yatoke, kisha uzipike kwa hatua hizihizi. Zitachukua muda zaidi ya adesi, lakini pungufu sana ya kunde zenye maganda. Tunachotaka ninyi mkishike ni namna ya kupika na kuhesabu, hata nafaka ikibadilika.

Kazi ya juma hili

Kila kikundi kichague wamama wawili, mmoja apike maharagi, mwingine adesi, kama tulivyoeleza. Leteni makaratasi yenu ya hesabu kwenye mkutano: makala, franki, dakika, sahani. Kama hesabu zitaonyesha faida, wanaocheza likelemba wanaweza kutenga zamu moja kununua gunia zima na kuligawana kwa vikombe, kwa bei ya jumla. Kama hazitaonyesha, tutajua pia, na maharagi yetu tutaendelea kuyapika kwa amani.

Msisahau kuleta vibakuli vya kuonja. Pilipili iwekwe pembeni.